KKS na KDS kwa njia ya namba tasa: mwongozo kamili kutoka barazani Nkuhungu, Dodoma

"Ticha, hapa nimekosea tu," aliniambia binti mmoja wa darasa la sita jioni moja, chaki mkononi, magoti mekundu kwa vumbi. "Kikubwa kimetoka 12, kidogo kimetoka 180. Kidogo kinazidije kikubwa?"

Hakuwa amekosea. Namba zake zilikuwa 36 na 60. Kigawo Kikubwa cha Shirika (KKS) ni 12 kweli, na Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS) ni 180 kweli. Alikuwa ameshafuta jibu sahihi mara mbili kwa kiganja kabla ya kuniita.

Mimi sikumshangaa. Nikiwa darasa la tano niliwahi kukosa zoezi zima la maswali manne kwa sababu hiyohiyo. Kuzidisha kwangu kulikuwa safi, kugawa safi, ila palipotakiwa KKS niliandika KDS, na palipotakiwa KDS niliandika KKS. Daftari lilirudi na mstari mwekundu ukurasa mzima na maneno mawili: "Soma swali." Nililisoma. Nikaona lilelile.

Kwa hiyo kabla ya kugusa namba tasa, tumalize kwanza haya maneno. Wengi wanaoanguka kwenye mada hii wanaanguka hapa, wakati kugawa wanakujua vizuri.

Kigawo na kigawe

Tofauti ni irabu moja ya mwisho, lakini Kiswahili hakikuiweka bure. Cha kufunikia huitwa kifuniko. Cha kuzibia huitwa kizibo. Basi cha kugawia ni kigawo. Upande wa pili, aliyetumwa ni mtume, aliyeteuliwa ni mteule, kilichoumbwa ni kiumbe. Basi kinachogawiwa ni kigawe. Chenye -o ndicho kinachofanya kazi, chenye -e ndicho kinachofanyiwa.

Chukua 3 na 12. Tatu inaigawa 12 bila baki, kwa hiyo 3 ni kigawo cha 12. Kumi na mbili inagawiwa na 3, kwa hiyo 12 ni kigawe cha 3. Ni uhusiano mmoja unaotazamwa kutoka pande mbili, kama mjomba na mpwa.

"Cha shirika" ni kama ng'ombe wa shirika: kina wenyewe zaidi ya mmoja. Kigawo cha shirika cha 36 na 60 ni namba inayozigawa zote mbili bila baki. Kigawe cha shirika ni namba inayogawiwa na zote mbili.

Sasa lile fumbo la binti. Kigawo hakiwezi kuizidi namba inayogawiwa, kwa hiyo vigawo vya shirika vyote ni vidogo, na tunatafuta kikubwa miongoni mwa vidogo. Vigawe vya shirika vyote ni vikubwa, na tunatafuta kidogo miongoni mwa vikubwa. Mtoto mrefu kuliko wote chekechea bado anapitwa na mchezaji mfupi kuliko wote kwenye timu ya kikapu. Nilipomwambia hivyo alicheka, akaandika tena 12 na 180.

Kutokana na hapo unapata kipimo cha haraka cha kukagua jibu lolote: KKS haizidi namba ndogo kuliko zote ulizopewa, na KDS haipungui namba kubwa kuliko zote. Mwanafunzi anayeniletea KDS ya 36 na 60 ikiwa 30, simkagulii hata njia. Namrudisha.

Namba tasa, na zile zinazojifanya tasa

Barazani kwangu huwa kuna mbegu za ubuyu. Hapa Dodoma hazikosekani, watoto wakishamumunya wanazitema uani. Mpe mtoto mbegu 12 zilizooshwa, mwambie azipange zipate umbo la mstatili. Atapata safu 2 za mbegu 6, au safu 3 za mbegu 4. Muongezee moja ziwe 13. Atahangaika. Atapata mstari mmoja mrefu tu wa mbegu 13, basi. Hiyo ndiyo namba tasa: namba kubwa kuliko 1 isiyogawanyika bila baki isipokuwa kwa 1 na yenyewe.

Moja si tasa. Ina kigawo kimoja tu, yenyewe, na tasa lazima iwe na viwili. Mbili ni tasa, na ndiyo pekee iliyo shufwa, kwa sababu shufwa nyingine yoyote inagawiwa na 2.

Chini ya 100 namba tasa ziko 25:

2, 3, 5, 7, 11, 13, 17, 19, 23, 29, 31, 37, 41, 43, 47, 53, 59, 61, 67, 71, 73, 79, 83, 89, 97.

Huna haja ya kuzikariri zote usiku mmoja. Za kuwa kichwani ni zile hadi 19. Nyingine unaweza kuzipata kwa chekeche la Eratosthenes, Mgiriki wa karne ya 3 kabla ya Kristo. Andika 1 hadi 100, kata 1. Acha 2, kata vigawe vyake vingine vyote. Acha 3, kata vyake. Fanya hivyo kwa 5, kisha 7, halafu simama. Zilizobaki ni tasa. Unasimama kwenye 7 kwa sababu tasa inayofuata ni 11, na 11 × 11 ni 121, tayari umeshapita 100.

Jihadhari na hizi nne, maana zina sura ya tasa na zimewaponza wengi: 51 ni 3 × 17, 57 ni 3 × 19, 87 ni 3 × 29, na 91 ni 7 × 13. Hiyo 91 ndiyo mbaya kuliko zote.

Kuvunja namba

Kila namba nzima kubwa kuliko 1, kama si tasa yenyewe, huvunjika ikawa zao (jibu la kuzidisha) la namba tasa, na seti ya tasa hizo ni moja tu. Anza na 2 au anza na 7, vunja kwa mti au kwa ngazi, vipande vya mwisho ni vilevile. Njia yote tunayoifuata hapa inasimama juu ya jambo hili. Kama namba moja ingeweza kuwa na seti mbili tofauti, tusingekuwa na cha kulinganisha.

Tuvunje 84. Ni shufwa, kwa hiyo gawa kwa 2, unapata 42. Bado shufwa, gawa tena kwa 2, unapata 21. Mbili haiingii tena. Jaribu 3: 21 gawa kwa 3 ni 7. Saba ni tasa, tumefika.

84 = 2 × 2 × 3 × 7 = 2² × 3 × 7

Na 126: gawa kwa 2 ni 63. Gawa kwa 3 ni 21. Gawa kwa 3 tena ni 7.

126 = 2 × 3 × 3 × 7 = 2 × 3² × 7

Kanuni ya mwendo ni kwamba usiiache tasa mpaka imegoma kabisa. Makosa mengi ninayoyaona hapa ni ya mtoto kugawa kwa 2 mara moja, akarukia 3, halafu mwisho anaacha 4 au 6 ndani ya orodha. Kipande cha mwisho kikiwa 4, 6, 9 au 15, bado hujamaliza kuvunja.

Ili usigawe kwa kubahatisha, tumia vipimo hivi. Namba inagawanyika kwa 2 ikiishia na 0, 2, 4, 6 au 8. Kwa 5, ikiishia na 0 au 5. Kwa 3, jumlisha tarakimu zake: 126 inatoa 1 + 2 + 6 = 9, na 9 inagawanyika kwa 3, basi na 126 inagawanyika. Cha 7 hakifundishwi sana, nami nakipenda: chukua tarakimu ya mwisho, izidishe kwa 2, toa kwenye namba iliyobaki mbele. Kwa 161, tarakimu ya mwisho ni 1, mara 2 ni 2, na 16 toa 2 ni 14. Kumi na nne inagawanyika kwa 7, kwa hiyo 161 nayo inagawanyika, na ni 7 × 23. Cha 11, kwa namba ya tarakimu tatu: jumlisha ya kwanza na ya mwisho, toa ya kati. Ukipata 0 au 11, inagawanyika. Jaribu 187: 1 + 7 − 8 = 0. Naam, 11 × 17.

Na utajuaje kuwa namba imeshakuwa tasa, hakuna haja ya kuendelea kujaribu? Zidisha tasa unayotaka kuijaribu kwa yenyewe. Zao likizidi namba yako, simama. Mfano 127: jaribu 2, 3, 5, 7, 11, zote zinagoma. Inayofuata ni 13, na 13 × 13 ni 169, imezidi 127. Basi 127 ni tasa. Kwa 221 ukisimama kwenye 11 utakuwa umekosea, kwa kuwa 13 × 13 bado haijaizidi. Jaribu 13: 221 ni 13 × 17.

Ukimaliza kuvunja, zidisha vipande urudi kwenye namba yako. Inachukua sekunde kumi.

Jedwali moja, majibu mawili

Hapa ndipo penye utamu wa njia hii. Ukishavunja, KKS na KDS zinatoka kwenye maandishi yaleyale. Panga tasa zilizofanana chini ya zenzake, na isiyo na mwenzake iachie nafasi tupu:

84  = 2 × 2 × 3 × … × 7
126 = 2 × … × 3 × 3 × 7

Kwa KKS, shuka safu moja baada ya nyingine, chukua safu zilizojaa juu na chini tu. Safu ya kwanza ya 2 imejaa, ya pili ina pengo. Safu ya kwanza ya 3 imejaa, ya pili ina pengo. Safu ya 7 imejaa.

KKS = 2 × 3 × 7 = 42

Kwa KDS, chukua kila safu, iwe imejaa au ina pengo, lakini kila safu mara moja tu.

KDS = 2 × 2 × 3 × 3 × 7 = 252

Ukipenda vipeo (kile kinamba cha juu, kama 2 kwenye 3²): kwa KKS chukua tasa zilizopo pande zote, kila moja kwa kipeo chake kidogo. Kwa KDS chukua tasa zote, kila moja kwa kipeo chake kikubwa. Kanuni hii ni fupi, na ndiyo sababu watu huikariri na kuigeuza siku ya mtihani. Bora ujue kwa nini. Kigawo lazima kiingie ndani ya 84 na ndani ya 126, kwa hiyo hakiwezi kubeba 2 mbili, maana 126 ina 2 moja tu. Kinabanwa na aliye nacho kichache. Kigawe ni kinyume: lazima 84 iingie ndani yake, kwa hiyo kinahitaji 2 mbili. Lazima 126 iingie, kwa hiyo kinahitaji 3 mbili. Kinamtii aliye nacho kingi.

Kosa la kawaida kwenye KDS ni kuzidisha vyote vya juu na vyote vya chini, yaani 84 × 126 = 10,584. Hicho ni kigawe cha shirika, ndiyo, ila si kidogo. Vile vya shirika umevihesabu mara mbili.

Ukaguzi: kwa namba mbili, KKS ukizidisha kwa KDS unapata zao la namba zenyewe. 42 × 252 = 10,584. Imekubali. Lakini usiupeleke ukaguzi huu kwenye namba tatu, utakudanganya, nami nitakuonyesha hapo chini.

Kama swali linataka vigawo vya shirika vyote, usirudi kuorodhesha vigawo vya 84 kisha vya 126 halafu utafute vinavyofanana. Vigawo vya shirika vyote ni vigawo vya KKS. Vya 42 ni 1, 2, 3, 6, 7, 14, 21 na 42. Na vigawe vya shirika vyote ni vigawe vya KDS: 252, 504, 756, na kuendelea bila mwisho.

Orodha hiyo si pambo. Zabibu zetu huvunwa mara mbili kwa mwaka, na msimu ukifika swali la kreti huwa la kweli. Tuseme mkulima wa Hombolo ana kilo 84 za zabibu nyeupe na kilo 126 za nyekundu. Hataki kuzichanganya, anataka kila kreti iwe na uzito sawa, na kisibaki kitu. KKS inamwambia kreti ya kilo 42. Hesabu imekubali, mgongo wa kijana wa kubeba haujakubali. Basi anashuka kwenye orodha: kilo 21 zitampa kreti 4 za nyeupe na 6 za nyekundu, kilo 14 zitampa kreti 6 na 9. Achague kwa mujibu wa kreti alizonazo.

Namba tatu, na ngazi ya pamoja

Shuleni wengi hufundishwa kugawa namba zote kwa pamoja kwenye ngazi moja. Ni njia ileile iliyovaa nguo nyingine, na kwa namba tatu ni nyepesi kuliko kuvunja moja moja.

Tuseme pale stendi ya Sabasaba daladala za njia tatu zinatoka kwa kupishana: ya kwanza kila dakika 12, ya pili kila dakika 18, ya tatu kila dakika 20. Saa 12 kamili asubuhi zote zimetoka pamoja. Zitatoka pamoja tena saa ngapi? (Wanaopanda daladala watasema daladala hutoka ikijaa. Kweli. Tuseme tu.)

2 | 12, 18, 20
2 | 6, 9, 10
3 | 3, 9, 5
3 | 1, 3, 5
5 | 1, 1, 5
  | 1, 1, 1

Kila mstari unagawa kwa tasa inayoigawa walau namba mojawapo, na isiyogawanyika inashushwa kama ilivyo. Angalia mstari wa pili: 9 haigawanyiki kwa 2, ikashuka 9. Watoto wengi huisahau hapo, ikapotea njiani. Kisha zidisha tasa zote za kushoto:

KDS = 2 × 2 × 3 × 3 × 5 = 180

Dakika 180 ni saa tatu. Zitatoka pamoja tena saa 3 kamili asubuhi.

Kwa KKS soma ngazi hiyohiyo, ila chukua mistari ile tu ambamo tasa iligawa namba zote tatu. Ni wa kwanza peke yake. KKS ni 2. Sasa ule ukaguzi: 2 × 180 = 360, wakati 12 × 18 × 20 = 4,320. Haviko hata karibu, na bado majibu yote mawili ni sahihi. Kwa namba tatu, kagua kwa kugawa: 180 gawa kwa 12 ni 15, kwa 18 ni 10, kwa 20 ni 9, hakuna baki.

Zipo pia namba zisizo na kigawo cha shirika isipokuwa 1, kama 8 na 15. Hapo KKS ni 1, na KDS ni zao lao tu, 120. Tasa mbili tofauti ziko hivyo daima. Marekani kuna nyenje ambao hukaa ardhini miaka 13, na wengine miaka 17, ndipo hutoka kwa mkupuo. Mwaka 2024 kundi moja la miaka 13 na jingine la miaka 17 yalitoka pamoja. Mara ya mwisho makundi hayo mawili kukutana ilikuwa mwaka 1803. Toa: 2024 − 1803 = 221. Na 13 × 17 ni ngapi?

Swali limekuja kwa maneno

Walimu wengi hutoa orodha ya maneno ya kuvizia: ukiona "kubwa iwezekanavyo" ni KKS, ukiona "tena kwa pamoja" ni KDS. Yanasaidia, siyakatai, ila mtunga mitihani anayajua pia. Mimi nawafundisha kujiuliza swali moja kabla ya kushika kalamu: jibu linatarajiwa liwe dogo kuliko namba nilizopewa, au kubwa kuliko hizo? Ukikata, ukigawa mafungu, ukipima kwa kipande, jibu liko chini: KKS. Ukisubiri, ukirudia, ukikusanya, jibu liko juu: KDS.

Mfano wa marumaru, au tailizi kama tunavyosema mtaani. Mji unajengwa kila kona, mafundi hawakai. Sebule ina urefu wa mita 4.2 na upana wa mita 3.6. Fundi anataka marumaru za mraba, kubwa kadiri inavyowezekana, bila kukata hata moja. Kwanza ondoa nukta, badili ziwe sentimita: 420 na 360. Kipande lazima kiingie kwenye urefu na kwenye upana, kwa hiyo jibu liko chini.

420 = 2² × 3 × 5 × 7
360 = 2³ × 3² × 5

Zilizopo kote ni 2, 3 na 5. Vipeo vidogo: 2² × 3 × 5 = 60. Marumaru za sentimita 60 kwa 60, na hizo zipo dukani kabisa. Urefu unaingia 7, upana unaingia 6, jumla 42. Fundi mwenyewe ataongeza chache za kuvunjika na atafikiria nafasi kati ya moja na nyingine, hayo muachie.

Mfano wa mayai. Mama mmoja amepokea mayai ya kienyeji kutoka Singida. Akiyapanga kwa makundi ya 8, linabaki 1. Kwa makundi ya 10, linabaki 1. Kwa 12, linabaki 1. Ana mayai mangapi, kwa uchache, kama yanazidi moja? Anakusanya, jibu liko juu. Kama lile moja lisingekuwepo, idadi ingegawanyika kwa zote tatu.

8 = 2³, 10 = 2 × 5, 12 = 2² × 3
KDS = 2³ × 3 × 5 = 120

Rudisha lile moja: 121. Trei nne za mayai 30 na yai moja mkononi. Nusu ya wanafunzi wangu huandika 120 na kufunga daftari.

KDS pia ndiyo inayookoa muda kwenye kujumlisha sehemu. Mkulima wa Bahi amelima mpunga 5/12 ya ekari kwenye jaruba moja na 7/18 kwenye jingine. Ukizidisha asili (namba ya chini ya sehemu) kwa asili unapata 216, na unajikuta na 90/216 + 84/216 = 174/216, halafu unaanza kurahisisha. Tumia KDS ya 12 na 18, ambayo ni 36: 15/36 + 14/36 = 29/36. Umefika bila jasho. Kurahisisha nako ni kazi ya KKS: 84/126, gawa kiasi (namba ya juu) na asili kwa 42, unabaki na 2/3.

Namba zikigoma kuvunjika

Njia ya tasa ina udhaifu wake, na ni haki kuusema. Jaribu KKS ya 1,147 na 1,271. Utajaribu 2, 3, 5, 7, 11, 13, 17, 19, 23, 29, na zote zitagoma. Hapo tumia njia iliyoandikwa na Euclid, miaka 300 hivi kabla ya Kristo: gawa kubwa kwa ndogo, chukua baki, gawa ndogo kwa baki, endelea mpaka baki liwe 0.

1,271 gawa kwa 1,147 ni 1, baki 124.
1,147 gawa kwa 124 ni 9, baki 31.
124 gawa kwa 31 ni 4, baki 0.

Kigawo cha mwisho kutumika ndicho KKS: 31. Na sasa mlango umefunguka, maana 1,147 gawa kwa 31 ni 37, na 1,271 gawa kwa 31 ni 41, zote tasa. KDS ni 31 × 37 × 41 = 47,027. Kwa namba za darasa la saba hutaihitaji mara nyingi, ila ni vizuri kuwa nayo mfukoni.

Manne ya kujaribu mwenyewe

Funika mistari ya chini kwa kiganja. Tafuta KKS na KDS ya 72 na 120. Pili: maji ya mgao yanatoka kwenu kila baada ya siku 4, na shangazi hufua kila baada ya siku 6, leo Jumatatu vimekutana, vitakutana tena siku gani? Tatu: namba mbili zina KKS ya 6 na KDS ya 180, moja ni 36, nyingine ni ipi? Nne: ni namba gani kubwa kabisa ambayo ikigawa 125 au 173 inaacha baki 5?

La kwanza: 72 = 2³ × 3² na 120 = 2³ × 3 × 5, kwa hiyo KKS ni 24 na KDS ni 360. La pili: KDS ni 12, siku 12 kutoka Jumatatu ni Jumamosi. La tatu: 6 × 180 = 1,080, gawa kwa 36 ni 30. La nne: ondoa baki kwanza, unabaki na 120 na 168, na KKS yao ni 24.

Binti yule wa magoti mekundu alipata matatu. La pili aliandika "siku 12" akaishia hapo, nikamuuliza siku gani sasa, akaanza kuhesabu kwa vidole: Jumanne, Jumatano, Alhamisi…